Nyumba moja kwa bei ya nyumba tatu na nusu

(Haya ni maelezo yaliyosomwa redioni katika kipindi chetu cha kila wiki. Tunayachapa kwa ajili ya wasomaji walioyakosa hewani na wale walioomba kuyahifadhi.)

Ndugu msikilizaji, mtu akienda dukani kununua bati huuliza bei, akaambiwa, akashtuka, akaomba apunguziwe, na asipopunguziwa huvuka barabara kwenda duka la pili. Mtu huyo huyo akienda kukopa fedha za nyumba, ambayo ni kubwa kuliko bati zote atakazonunua maishani, haulizi bei. Huuliza jambo moja tu: "Kwa mwezi nitakatwa ngapi?" Akijibiwa, hupiga hesabu ya mshahara wake, akaona patabaki cha kula, akatia saini.

Wiki hii nataka tuzungumze juu ya bei hiyo isiyoulizwa. Simkatazi mtu kukopa. Nyumba ni heshima, na deni lililoeleweka si aibu. Lakini wahenga hawakukosea waliposema kukopa harusi, kulipa matanga, na matanga ya mkopo wa nyumba huenda miaka 20.

Tuanze na hesabu. Tuchukue mkopo wa shilingi milioni 50, kwa riba ya asilimia 17 kwa mwaka, wa kulipwa kwa miaka 20. Riba hiyo sikuitunga ili kukutisha. Katika miaka ya karibuni mikopo mingi ya nyumba hapa Tanzania imetolewa kwa riba ya kati ya asilimia 15 na 19, na wakati soko hili lilipokuwa likianza upya, mwaka 2010, riba ilifika asilimia 21 na 22.

Kwa mkopo huo, marejesho ya kila mwezi ni kiasi cha shilingi 733,400. Zidisha kwa miezi 240. Utapata shilingi milioni 176. Uliyekopa milioni 50 utakuwa umerudisha milioni 176, yaani nyumba moja umeilipia bei ya nyumba tatu na nusu. Milioni 126 ni riba.

Msikilizaji atasema, "Hiyo ni jumla ya miaka 20, ni mbali." Basi tutazame karibu. Mwezi wa kwanza, deni ni milioni 50 kamili. Riba ya mwezi huo mmoja ni shilingi 708,333. Wewe umepeleka 733,400. Kilichopunguza deni lako ni shilingi 25,067 tu. Katika kila shilingi 100 ulizotoa, zaidi ya 96 zimekwenda kwenye riba, na tatu na ushei ndizo zilizogusa deni lenyewe.

Mwezi wa pili hali ni bora kwa senti chache, na wa tatu vivyo hivyo. Baada ya miaka mitano utakuwa umetoa shilingi milioni 44. Ukienda benki kuuliza deni limebaki kiasi gani, utaambiwa milioni 47 na laki sita na ushei. Baada ya miaka 10, yaani nusu ya safari, umetoa milioni 88, na bado unadaiwa milioni 42. Baada ya miaka 15, umetoa milioni 132, na deni ni milioni 29 na nusu. Ni katika miaka mitano ya mwisho tu ndipo deni linaporomoka kwa kasi.

Hapo hakuna wizi wala mazingaombwe. Ndivyo hesabu ya mkopo wa muda mrefu inavyokwenda, iwe Dar es Salaam, Nairobi au London. Riba hutozwa juu ya deni lililobaki, na mwanzoni deni lililobaki ni karibu lote. Tofauti yetu na wenzetu wa ng'ambo ni kwamba wao, kwa miaka mingi, wamekopa nyumba kwa riba ya asilimia tatu, nne au sita. Kwa riba ndogo kama hiyo, miaka 20 au 30 inabebeka. Kwa asilimia 17, kila mwaka unaouongeza kwenye mkataba ni mzigo wa kuni juu ya kichwa ambacho tayari kina ndoo ya maji.

Kwa nini riba yetu ni kubwa? Sababu ziko kadhaa. Fedha nyingi za benki zetu ni amana za muda mfupi, ambazo mwenyewe anaweza kuzichukua kesho, na benki haiwezi kwa usalama kukopesha fedha za kesho kwa miaka 20. Pili, kesi ya kuuza nyumba ya mdaiwa inaweza kuchukua muda mrefu mahakamani, na benki huuweka woga huo ndani ya riba. Tatu, viwanja vyetu vingi havijapimwa wala havina hati.

Na hapa hatuna budi kukumbuka historia. Nchi hii iliwahi kuwa na Benki ya Nyumba, iliyoanzishwa mwaka 1973. Wako wazee mijini ambao nyumba zao zilijengwa kwa mikopo ya benki hiyo, na watakuambia hawakuumia. Ni kweli. Katika miaka mingi ya themanini mfumuko wa bei ulikuwa kiasi cha asilimia 30 kwa mwaka, na riba ya mikopo ilikuwa chini ya hapo. Shilingi aliyorudisha mkopaji ilikuwa nyepesi kuliko ile aliyokopa. Mkopaji alipona, benki ikaumia. Wengine hata hiyo shilingi nyepesi hawakuirudisha. Mwaka 1995 Benki ya Nyumba ikafa, na kwa zaidi ya miaka 10 mkopo wa nyumba wa muda mrefu ukawa kama haupo nchini.

Ulirudi kwa sheria ya mikopo ya nyumba ya mwaka 2008, na kwa kuanzishwa, mwaka 2010, kwa kampuni ya TMRC, ambayo kazi yake ni kuzipa benki fedha za muda mrefu ili nazo zikopeshe wenye kutaka nyumba. Riba imeshuka kutoka pale ilipokuwa na miaka ya mkopo imeongezeka. Hiyo ni hatua. Lakini somo la wazee wetu sasa limegeuka juu chini. Katika miaka ya karibuni mfumuko wa bei umekuwa kati ya asilimia tatu na tano. Kwa hiyo anayekopa kwa asilimia 17 leo hawezi kungoja shilingi idhoofike imsaidie kulipa. Anailipa riba yake karibu yote, kwa fedha nzito. Mtu akikuambia, "Mbona mzee fulani alikopa na akamaliza bila taabu?" mjibu kwamba mzee fulani alikopa katika dunia nyingine.

Sasa niwapeleke Kang'ata, wilaya ya Handeni, maana huko ndiko nilikoona jinsi deni la mjini linavyoweza kufika kijijini.

Mwezi uliopita nilipita huko nikitokea Korogwe. Mzee mmoja, aliyekuwa rafiki wa marehemu baba yangu, alinikaribisha kwake, na baada ya shikamoo na habari za mvua na mahindi, alituma mjukuu ndani alete bahasha ya kaki. Ndani yake mlikuwa na hati ya kimila ya shamba lake.

Msikilizaji wa mjini huenda hajui karatasi hiyo. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 ndiyo iliyoweka hati miliki ya kimila, inayompa mwanakijiji karatasi ya shamba lake. Miaka michache baadaye ukaja mpango wa MKURABITA, ulioanza mwaka 2004 kwa mawazo ya mchumi wa Peru, Hernando de Soto, kwamba maskini ana mali lakini mali yake haina karatasi, hivyo haiwezi kumsaidia kupata mtaji. Handeni ilikuwa miongoni mwa wilaya za mwanzo kabisa kufanyiwa majaribio ya mpango huo vijijini. Kwa hiyo wazee wa upande ule waliambiwa mapema kuliko wengi kwamba karatasi hii inaweza kukopea.

Yule mzee akaniambia, "Mwanangu, mdogo wako aliyeko Dar es Salaam anataka kununua nyumba ya milioni 50. Benki imetaka atoe kianzio cha sehemu ya tano, hana. Wamemwambia kama hana, alete dhamana nyingine. Ameniomba shamba. Wewe ni mtu wa redio, umesoma. Nitie kidole gumba, au nisitie?"

Nilimwuliza, "Baba, amekuambia atalipa jumla ya shilingi ngapi?"

"Amesema laki saba na kitu kwa mwezi, na mkewe naye anafanya kazi."

Hapo ndipo nilipotoa kalamu na kumpigia zile hesabu mlizokwisha kuzisikia. Mzee hakusoma zaidi ya darasa la nne, lakini amepima mahindi kwa debe maisha yake yote. Nilipofika kwenye mwaka wa tano, kwamba kijana atakuwa ametoa milioni 44 na deni limebaki milioni 47 na ushei, alinisimamisha. Akauliza swali ambalo sijasikia msomi yeyote akiliuliza: "Na mwaka huo wa tano akiachishwa kazi, shamba langu limelipa nini?"

Jibu, ndugu msikilizaji, ni kwamba limelipa karibu sawa na bure. Mkopaji akishindwa, benki humpa taarifa ya maandishi, na kwa sheria yetu ya ardhi ilivyorekebishwa mwaka 2008, siku 60 zikipita bila kulipa, benki inaweza kuanza kutumia haki zake, pamoja na kuuza. Nyumba ya mnada aghalabu haipati bei ya nyumba ya kawaida. Ikiuzwa milioni 35 wakati deni ni milioni 47, milioni 12 zinazobaki hazifutiki. Zinafuata dhamana ya pili. Yaani milioni 44 za mjini zimekwisha, nyumba ya mjini imekwenda, na bado anayegongewa hodi ni mzee wa Kang'ata, ambaye hajalala hata usiku mmoja katika nyumba hiyo.

Pwani yetu inalijua jambo hili kwa muda mrefu. Neno rehani lilikuwa kinywani mwa watu kabla benki hazijakuwapo. Huko Unguja na Pemba, wenye mashamba ya mikarafuu waliweka rehani minazi na mikarafuu yao kwa wakopeshaji, bei ya karafuu ikaanguka, na madeni yakafika mahali ambapo mwaka 1934 serikali ya wakati ule ililazimika kutunga amri ya kuzuia mashamba yasihamishwe ovyo na kusimamisha kwa muda udaiwaji. Shamba lililopandwa na babu lilikwenda kwa deni la mjukuu.

Wala si sisi peke yetu. Marekani, nchi yenye mabenki makubwa na wanasheria wa kila aina, familia nyingi zilipewa mikopo ya nyumba yenye marejesho madogo kwa miaka miwili ya mwanzo, kisha riba ikapanda. Waliuliza "kwa mwezi ngapi?" wakajibiwa juu ya mwezi wa kwanza. Mwaka 2007 na 2008 nyumba zikaanza kuchukuliwa kwa wingi, na Septemba 2008 benki ya Lehman Brothers ikaanguka na kuitikisa dunia nzima.

Basi mtu afanye nini? Nitasema mambo machache, na ninaomba uchukue kalamu.

La kwanza, uliza jumla. Mwambie ofisa wa mikopo akuandikie jumla ya fedha zote utakazotoa hadi siku ya mwisho, pamoja na ada ya mkopo, gharama za mthamini, mwanasheria, ushuru wa stempu, bima ya nyumba na bima ya maisha ya mkopaji. Mwombe pia ratiba ya marejesho inayoonyesha deni litakalobaki kila mwaka. Karatasi hiyo ipo, kompyuta zao huitoa kwa dakika moja.

La pili, uliza riba inahesabiwa juu ya nini. Wako wakopeshaji, hasa wa mikopo midogo ya ujenzi, wanaohesabu riba juu ya mkopo wote wa mwanzo hata baada ya wewe kupunguza deni. Ukikopa milioni 10 kwa "asilimia 15" ya namna hiyo kwa miaka mitatu, utalipa riba ya milioni nne na nusu. Ukiigeuza iwe riba inayopungua pamoja na deni, ni karibu asilimia 26. Asilimia 15 ya mlango mmoja si asilimia 15 ya mlango wa pili.

La tatu, uliza kama riba inaweza kubadilishwa. Ikipanda kutoka 17 hadi 19 mapema katika mkopo wetu ule wa milioni 50, marejesho yanaongezeka karibu shilingi 77,000 kwa mwezi. Je, mshahara wako unayo nafasi hiyo, baada ya kubakiza ile theluthi moja ambayo mtumishi hatakiwi kukatwa?

La nne, uliza kama unaruhusiwa kulipa zaidi ya kiwango bila faini. Hapa ndipo kuna nafuu kubwa ambayo wengi hawaijui. Katika mkopo ule ule, ukiongeza shilingi 100,000 tu kila mwezi tangu mwanzo, humalizi kwa miaka 20. Unamaliza kwa miaka 11 na miezi mitatu hivi, na jumla yako inakuwa kiasi cha milioni 112 badala ya 176. Laki moja kwa mwezi inaokoa zaidi ya milioni 60. Sababu ni kwamba laki hiyo haigawani na riba. Yote inaangukia deni. Haba na haba hujaza kibaba, na hapa pia hukimwaga kibaba cha mwenzako.

La tano, kwa wale ambao imani yao haiwaruhusu riba: zipo benki zinazonunua nyumba na kukuuzia kwa bei ya juu zaidi ya kulipwa kidogo kidogo, na Benki ya Amana ilianza kazi kwa misingi hiyo mwaka 2011. Faida moja ya utaratibu huo ni kwamba bei yote hutajwa tangu mwanzo. Lakini nawe bado una wajibu wa kuilinganisha bei hiyo na nyingine.

La sita, mke na mume wakae pamoja. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 na Sheria ya Ardhi haziruhusu nyumba ya ndoa iwekwe rehani bila ridhaa ya mwenzi. Ridhaa hiyo isiwe saini ya haraka mezani kwa mwanasheria. Anayetia saini aonyeshwe ile ratiba.

Najua yuko atakayesema, "Mimi sitaki benki, najenga kidogo kidogo kama baba zangu." Ni njia ya Watanzania walio wengi, na ina heshima yake. Lakini nayo ina gharama isiyoandikwa. Tazama maboma yaliyosimama miaka 10, mti wa mpapai umeota sebuleni. Mwenye boma bado analipa kodi ya pango kwa mtu mwingine, saruji na nondo zinapanda bei, na tofali za chini zinaliwa na mvua. Fedha iliyolala kwenye boma nayo inagharimu. Anayejenga vizuri kidogo kidogo ni yule aliyeanza na nyumba ndogo ya vyumba viwili, akaipaua, akahamia, kodi ya pango ikakoma, kisha akaongeza.

Hata yule kijana wa Kang'ata alifikia mahali karibu na hapo. Baba yake hakumkatalia kwa hasira. Alimpigia simu akamwambia alete ratiba ya benki kwanza, ndipo kidole kitie wino. Kijana akaiomba, akaisoma pamoja na mkewe, na kwa wiki mbili hawakuwa na la kusema. Nilivyosikia mara ya mwisho, wanatafuta nyumba ndogo zaidi pembeni ya jiji, ambayo watahitaji mkopo wa milioni 30 kwa miaka 10. Kwa riba ile ile watalipa kiasi cha shilingi 521,000 kwa mwezi, na jumla itakuwa milioni 62 na nusu. Bado ni zaidi ya mara mbili ya walichokopa. Lakini watamaliza wakiwa na nguvu za kufanya kazi, na hakuna dhamana ya mtu wa tatu.

Serikali na benki nazo zina sehemu yao. Benki Kuu ilianza Januari 2024 kutumia riba yake elekezi, ikianza na asilimia 5.5. Mwananchi ana haki ya kuuliza kwa nini kutoka hapo hadi kwenye mkopo wake wa nyumba kuna mlima mrefu hivyo. Sehemu ya mlima huo ni hatari ya kweli, nayo itapungua kwa kupima viwanja, kutoa hati haraka na kumaliza kesi mapema. Na ningependa ile ratiba ya marejesho, yenye jumla yote kwa Kiswahili na kwa tarakimu kubwa, iwe ukurasa wa kwanza wa kila mkataba wa mkopo wa nyumba, badala ya kuwa karatasi ya kuombwa.

Dawa ya deni ni kulipa, tumefundishwa hivyo tangu utoto. Lakini dawa yoyote mtu huuliza kipimo chake kabla ya kuinywa. Hadi wiki ijayo, siku na saa kama hii, kwaheri.